Ufunguo wa Taya la Tabitha

Shemeji yangu Nchagwa havui kofia. Jua la Februari liwake Matongo mpaka mbwa wakose pa kulala, yeye yuko na mzula wake, ile kofia ya kufuma, ameushusha hadi shingoni. Kanisani havui. Kwenye msiba wa kaka yake wa kuzaliwa naye hakuvua. Watoto wanadhani ana upara, na yeye anawaacha wadhani hivyo. Mimi ninajua kilichomo na nitawaambia, ila kwanza niwaambie alichofanya, maana siku hizi anazunguka kijiji kizima akijisifu kwamba ndiye aliyemtengenezea Tabitha taya.

Mimi ni Bhoke. Mume wangu Simioni alifariki akaniacha na ng'ombe, shamba la mahindi na mihogo, na mabinti wawili walioolewa mbali. Mtoto wa kiume sikujaliwa. Kwetu Wakurya mwanamke wa namna hiyo hakai akalia. Anatoa ng'ombe zake, anaoa. Nikamwoa Mokami, binti wa watu wenye adabu kutoka upande wa Sirari, na watu wakala wakashiba. Ndoa hiyo tunaiita nyumba ntobhu. Watoto anaozaa mke wangu ni wa nyumba yangu, na Tabitha alipozaliwa, mahali pa baba nilisimama mimi. Ananiita Bibi kwa sababu ya mvi zangu, lakini kila mtu Matongo anajua Tabitha ni wa nani. Kila mtu isipokuwa Nchagwa, ambaye tangu tumzike kaka yake anajiona ndiye mwanaume wa nyumba yangu. Hakuna aliyemwomba.

Tabitha alikuwa na miaka mitatu alipoanguka kutoka kwenye punda wa maji akatua na kidevu juu ya jiwe. Alilia, tukampaka mafuta, akanyamaza, tukasema yamekwisha. Hayakwisha. Mdomo ulianza kufunga kidogo kidogo, na alipofika miaka mitano ulikuwa haupitishi hata kijiko cha chai. Kidevu nacho kikagoma kukua. Paji la uso lilikua, macho yakakua, kidevu kikabaki cha mtoto mchanga, kimerudi nyuma karibu na koo. Alikula uji kwa kuufyonza kwenye pengo la jino. Akilala, ulimi ulirudi nyuma ukaziba koo, pumzi ikakatika, Mokami akamgeuza, pumzi ikarudi. Miaka sita mama yule hakulala akamaliza usingizi. Watu walidhani tunalilia sura. Sura ya kazi gani? Sisi tuliogopa siku ambayo Mokami angechoka, apitiwe na usingizi, na mtoto asipate wa kumgeuza.

Nchagwa alikuwa na maoni, kama kawaida yake. Alisema mbele ya wageni wangu kwamba mwanamke asiyeweza kufungua mdomo ni bahati kwa mume atakayempata. Akacheka peke yake. Mtu mzima hovyo.

Mwaka juzi madaktari walikuja kupima watoto shuleni. Mmoja wao, Daktari Modestus, kijana mwembamba anayeongea taratibu, alimshika Tabitha kidevu, akamtazama muda mrefu, akasema huyu atasaidika, mleteni hospitali kubwa, gharama kuna watu wa kanisa wanaobeba. Ni safari ya siku nzima kwa basi. Tulijiandaa watatu, mimi, Mokami na mtoto. Asubuhi ya safari nimkute nani kituoni, amevaa koti la harusi, kofia kichwani, kibegi mkononi? Alisema mtoto wa ukoo hapelekwi kwa wazungu bila mwanaume. Modestus ni mweusi kunishinda, lakini kwa Nchagwa yeyote mwenye koti jeupe ni mzungu.

Kule hospitali daktari alituketisha, akachora taya kwenye karatasi. Alisema watakata mfupa wa taya la chini, kushoto na kulia, kisha kila upande watafunga kifaa kidogo cha chuma kinachoshika pande zote mbili za pale palipokatwa. Kijiti chembamba kitatokeza nje ya ngozi, chini ya sikio. Ukikizungusha kijiti hicho kwa ufunguo wake, kifaa kinasogeza vipande vya mfupa viachane. Mzunguko mmoja asubuhi, mmoja jioni, kila mzunguko nusu milimita, kwa siku kumi na sita. Kwenye lile pengo mwili unaotesha mfupa mpya, mlaini, na wewe unauvuta tena kidogo kabla haujakauka. Ukivuta haraka unakatika. Ukichelewa unakauka, na kazi inaishia hapo. Taya likishafika mbele, kifaa kinaachwa miezi mitatu bila kuguswa ili mfupa ukomae. Ndipo wangekitoa, na siku hiyo hiyo wangekifungua kiungo cha taya karibu na sikio, kilichogandana tangu alipoanguka, mdomo ufunguke.

Nchagwa akauliza nusu milimita ndiyo nini. Daktari akamwonyesha kwenye rula. Nchagwa akaguna, akasema hata chawa anatembea zaidi ya hapo. Kisha akatoa methali yake, maana anayo moja tu na anaitumia kwenye kila jambo: ngoja ngoja huumiza matumbo.

Mimi nikafungua kitambaa changu cha kichwa. Nikamwonyesha daktari masikio. Mimi ni wa rika la mwisho la mabinti waliopanuliwa masikio huku kwetu. Tulianza na mwiba, kikaja kijiti kimoja cha mtama, vikawa viwili, vikawa vitatu, ndipo tukafikia kigogo cha kuchonga. Mama yangu alikuwa akiongeza kijiti kimoja, anangoja nyama izoee, ndipo anaongeza kingine, na shughuli ile ilimaliza mwaka na zaidi. Leo ndewe za masikio yangu zinakaribia mabega na hazina hata kovu. Nikamwambia daktari kwamba hicho anachosema nakijua, ila sikujua kwamba na mfupa unakubali.

Aliweka kalamu chini. Aliomba ruhusa, akalishika sikio langu, akalipima kwa kidole, akasema ndiyo hiyo hiyo, Bibi, hujakosea hata kidogo. Nchagwa alikuwa akitazama dirishani. Nilimwona anaivuta kofia chini zaidi.

Upasuaji ulikwenda salama. Siku ya tano daktari alizungusha mwenyewe mara ya kwanza, nami nimesimama pembeni natazama vidole vyake. Wodi ilikuwa imejaa, watoto wanalala wawili wawili, kwa hiyo tuliruhusiwa kuendelea nyumbani kwa sharti la kupiga simu. Siku ya kuondoka daktari alikuwa kwenye chumba cha upasuaji. Karatasi ya maelekezo na ufunguo vililetwa na nesi anaitwa Goodness, binti nadhifu, mgeni wa mambo ya huku. Alinipa shikamoo ya heshima kabisa. Kisha akatazama juu ya kichwa changu, akauliza:

"Baba wa mtoto yuko wapi?"

"Ni mimi," nikamwambia.

Alicheka. Hakucheka kwa ubaya, alidhani bibi anamtania. Mokami akajaribu kumweleza, kwa ile sauti yake ya chini, kwamba yeye ni mke wangu. Nesi akacheka tena, safari hii kwa wasiwasi. Nchagwa alikuwa amekwisha simama. Alinyoosha koti, akasema yupo, akatoa mkono. Nesi alishusha pumzi kwa kumpata mwanaume wa kuongea naye. Akamweleza yeye kila kitu, akamkabidhi yeye ufunguo, akaandika kwenye jalada: Tabitha Nchagwa.

Na mimi nikanyamaza. Mimi, Bhoke, ambaye Matongo nzima wananikimbia kwa mdomo wangu, nilisimama kwenye korido ile yenye harufu ya dawa nikakosa neno, kwa sababu tu binti mwenye yunifomu amenicheka. Nchagwa nimemdharau miaka arobaini na sijachoka. Siku ile nilijidharau mwenyewe, na hiyo nayo haijaisha.

Ufunguo wenyewe ni kitu kidogo, mfano wa bisibisi ya fundi saa. Nchagwa aliutia kamba akauvaa shingoni. Kila asubuhi alikuja kwangu na watazamaji wawili watatu aliowaokota njiani. Anaagiza kiti. Anaagiza maji ya kunawa, halafu taulo, halafu taulo jingine kwa sababu la kwanza ana mashaka nalo. Anawaeleza watu kwamba mikono yake imezoea chuma, kwamba alikuwa fundi wa mitambo kwenye mashimo ya dhahabu. Msinichekeshe. Kwenye mashimo alikuwa mlinzi wa pipa la dizeli, na pipa lenyewe liliibwa yeye akiwa zamu. Basi anazungusha mara moja kulia, mara moja kushoto, anafuta jasho, anaomba uji. Jioni tena vile vile.

Mimi nilikuwa na kibuyu. Kila mzunguko nilitupa punje moja ya mahindi ndani yake, maana karatasi ya hospitali ilikuwa mfukoni mwa Nchagwa na kichwa cha Nchagwa sikiamini hata kwa kuhesabu vidole. Siku tano, punje kumi. Mambo yalikwenda sawa. Ukimtazama Tabitha kwa ubavu ulianza kuona kidevu kinatoka kilikojificha, na mimi nilikuwa nampimia kwa kidole kila asubuhi, anakasirika, ananisukuma.

Ndipo ukaja msiba kule Issenye, wa binti wa shangazi yangu, tuliyekua naye. Ilinibidi niende, siku mbili tu. Nikamwachia Mokami kibuyu, nikamwambia asisahau.

Jumamosi Nchagwa alifanya kazi yake kama kawaida. Jumapili baada ya ibada alikuja na watu sita, kwa sababu ya kiherehere chake. Alikuwa amekwisha watangazia kwenye kilabu cha pombe kwamba siku kumi na sita ni mambo ya watu wa mshahara, wanaovuta siku ili kazi isiishe, na kwamba yeye atawaonyesha fundi anavyofanya. Alizungusha mara moja. Akazungusha ya pili. Alipofika ya tatu Mokami akapiga magoti mbele yake, akamwomba aache, akamwambia daktari amekataza. Nchagwa hakugeuka hata kumtazama.

"Wewe umeolewa na mwanamke mwenzako," alisema. "Utaniambia nini mimi kuhusu kazi ya wanaume?"

Akaendelea mpaka mikono ilipochoka. Wale sita wakampigia makofi, wajinga wote, wakaenda zao kunywa.

Nilirudi jioni ile ile, jua bado liko juu. Tabitha alikuwa ameegemea ukuta, kitambaa mdomoni kimelowa mate na damu kidogo. Ngozi ya kidevu ilikuwa inang'aa kwa kuvutwa. Niligusa mdomo wake wa chini, hakusikia chochote, ulikuwa umekufa ganzi. Machozi yalimtoka bila sauti, maana hata kulia kunataka taya. Niliona giza kwa hasira. Lakini hasira haimtibu mtoto, nikachukua simu.

Daktari alipokea mara ya nne. Nilimweleza yote. Kisha akauliza kitu kimoja tu: amezungusha mara ngapi hasa? Alisema tutarudisha ile ya ziada, si pungufu wala si zaidi, na kama hesabu hatuna, afadhali tusiguse kitu mpaka mtoto afike hospitali, na huko barabarani hajui itakuwaje. Nilikata simu, nikatoka kuwauliza majirani waliokuwepo. Mmoja akasema mara tatu. Mwingine akasema mara ishirini. Nchagwa mwenyewe alikuwa amewaambia watu aliongeza mbili tatu.

Mokami aliingia ndani akatoka na kibuyu. Akakimimina kwenye kanga, akakaa chini, akaanza kupanga. Mwanamke yule, amepiga magoti, amedharauliwa, mtoto wake anatoa damu mbele ya macho yake, na bado kila mzunguko alitupa punje. Zilikuwa ishirini na mbili. Zilipaswa kuwa kumi na nne jioni ile ikiisha. Mizunguko ya ziada ni minane.

Nikampigia daktari tena, nikamwambia minane. Akaniuliza nina hakika? Nikamwambia nina mke mwenye akili. Akasema nirudishe minane hiyo polepole, nusu leo, nusu kesho, nipumzishe siku tatu, kisha nianze tena mmoja mmoja kana kwamba sijawahi kuanza. Akasema pia kwamba hawezi kuniahidi. Uzi wa mfupa mchanga ukikatika, pengo linaweza kujaa nyama tupu, na taya la nyama haliwezi kushika ulimi wala kutafuna. Tutajua kwenye eksirei, baada ya miezi mitatu.

Ulibaki ufunguo, na ufunguo ulikuwa shingoni mwa Nchagwa.

Sasa niwaambie kilichomo ndani ya kofia. Nchagwa alipokuwa kijana alitobolewa masikio pamoja na wenzake. Wenzake wakaenda kijiti kwa kijiti. Yeye akaona wanamchelewesha. Kulikuwa na ngoma ng'ambo ya mto na alitaka wasichana wamkute na masikio makubwa. Akaiba kigogo cha kaka yake Simioni, aliyekuwa amemtangulia miaka mitatu kwenye kazi hiyo, akajipaka samli, akakisukumiza. Kabla ngoma haijakolea sikio la kulia lilichanika, likabaki vipande viwili vinavyoning'inia. Wasichana walimwona kweli. Tangu siku ile ni kofia. Simioni aliniambia mwenyewe na akanikataza kusema maadamu yeye yu hai, nami nilimtii mume wangu mpaka mwisho.

Nilimkuta kilabuni katikati ya maelezo, mkono juu, anaonyesha jinsi chuma kinavyotii. Wazee walinipisha waliponiona, maana mke wa kaka mkubwa si wa kuchezea. Nilimwambia anipe ufunguo. Alitabasamu, akaniambia niende nyumbani nipumzike, shemeji, msiba umenichosha, kazi ya chuma tuwaachie wenyewe.

Nilimsogelea mpaka magoti yangu yakagusa meza.

"Nchagwa," nikasema, "juu yako nina vitu viwili ninavyovijua, ufunguo na kofia. Kimoja ninaondoka nacho sasa hivi. Chagua."

Kwanza alitabasamu bado. Kisha akanitazama machoni, akaona kwamba Simioni aliniambia. Tabasamu likakauka. Alijaribu kuvua ile kamba kupitia kichwani, ikakwama kwenye kofia, akairudisha, akajaribu tena kwa mkono mmoja huku wa pili umeshika kofia, watu wote wanamtazama. Mwisho aliikata kwa meno. Nikachukua ufunguo, nikaupangusa mate yake kwenye kanga, nikaondoka.

Nilirudisha minane. Nilipumzisha. Nikaanza upya, asubuhi mmoja, jioni mmoja, bila watazamaji, bila mataulo mawili. Mokami alimshika mtoto kichwa, mimi nikazungusha, Tabitha akatupa punje yake mwenyewe. Nchagwa hakukanyaga kwangu, lakini mdomo wake ulikuwa ukifika kila siku. Alikuwa anawaambia watu kwamba alikwisha maliza kazi, na mimi nimeiharibu kwa kuirudisha nyuma kwa wivu wa kike. Na watu wapo waliomwamini. Debe tupu lina wasikilizaji wake.

Kisha ikaja ile miezi mitatu ya kutogusa. Kwa nje kidevu kilikuwa kimefika mbele, kila mtu anasifia, na mimi sifa hizo sikuzipokea, kwa sababu chuma ndicho kilichokishikilia. Kilichokuwa ndani hakuna aliyekijua. Mwezi wa pili Tabitha aliamka akasema mdomo wa chini, ule uliokufa ganzi, unamwasha. Nilienda nyuma ya zizi, nikalia peke yangu kwa furaha, nikarudi nikamwambia asijikune.

Siku ya kurudi hospitali hatukumwambia Nchagwa, tulipanda basi la alfajiri. Nesi Goodness alitupokea na jalada lake. Nikaona anainua kichwa kutafuta mwanaume. Nikamwambia mara ya kwanza ulinicheka, na mtoto akaumia, kwa hiyo leo kaa chini nikueleze. Akakaa. Nikamweleza nyumba ntobhu tangu ng'ombe wa kwanza hadi punje ya ishirini na mbili. Aliposikia habari ya ufunguo aliweka mkono mdomoni. Hakujitetea, hilo nampa. Alichukua kalamu, akakata jina, akaandika Tabitha Bhoke, na mahali pa mzazi wa kupokea maelekezo akaandika jina langu na la Mokami.

Daktari Modestus alibandika picha kwenye taa. Aliufuata mfupa kwa ncha ya kalamu, kushoto kisha kulia. Mokami alinishika mkono, akanibana mpaka pete ikaniumiza.

"Kushoto mfupa umejaa vizuri," alisema daktari. "Kulia ni mwembamba. Mtu aliuvunja, halafu mtu akaujenga tena. Lakini umeshika, Bibi. Umeshika."

Walitoa vyuma, wakafungua kiungo. Mnaodhani mambo yaliishia hapo hamjui mwili ulivyo mvivu. Kiungo kilichofunguliwa kikiachwa kinaganda tena, kwa hiyo tulipewa vijiti bapa vya mbao, vile daktari anavyokandamizia ulimi. Unavipanga, unavisukuma katikati ya meno, unakaa navyo, na kila siku chache unaongeza kimoja. Kijiti kimoja! Nilicheka nilipovipokea, Goodness akashangaa. Tulianza na vijiti sita. Tabitha alinichukia. Alivitema, alivificha kwenye dari, siku moja alimlisha punda. Nilikuwa mkali, na Mokami alikuwa mkali kunizidi. Tulifika kumi na tano, tukafika ishirini. Ulimi ulipata nafasi yake, pumzi ikatulia. Sasa hivi Mokami analala hadi jua linamkuta kitandani, na mimi namwacha.

Mwezi uliopita tukafanya ibada ya shukrani nyumbani kwangu. Nilichinja mbuzi wawili. Mchungaji alisali, kwaya ikaimba, kisha akauliza nani kwenye familia atasema neno. Nilikuwa najifunga kanga nisimame. Nchagwa alikuwa amekwisha simama. Koti la harusi, mzula hadi shingoni. Nilitazamana na Mokami. Ningeweza kumkalisha Nchagwa kwa neno moja tu, lakini ilikuwa ibada na niliona haya mbele ya mchungaji.

Akaanza. Alianzia kwenye mashimo ya dhahabu. Akaeleza alivyoshika spana za kila namba. Akaeleza kwamba wazungu wa hospitali walishindwa, wakamkabidhi ufunguo yeye kwa mkono wao, na kwamba bila mkono huu hapa, akauinua, mtoto huyu angekuwa bado anafyonza uji. Dakika kumi. Dakika ishirini. Nyama inapoa. Watu wanatazama chini. Akasema ngoja ngoja huumiza matumbo, na kwamba vijana wajifunze kwake. Tabitha alikuwa amekaa mbele kabisa kwenye mkeka, hatua mbili kutoka kwenye viatu vyake, amemkazia macho kwa adabu.

Nikaona uso wake unabadilika. Pua ikatanuka. Macho yakafumba. Nilidhani anaumwa, nikaanza kuinuka. Kidevu kikashuka. Kikaendelea kushuka. Meno ya juu yakaachana na ya chini, ulimi ukaonekana wote, magego yakaonekana, kilimi kikaonekana, na bado mdomo ulikuwa unafunguka, polepole, mkubwa, mbele ya watu wote, katikati ya sentensi ya Nchagwa. Miaka sita mtoto yule alikuwa anapigia miayo puani. Tangu aanguke, ukitoa sisi wa nyumbani na daktari, hakuna aliyewahi kuona ndani ya kinywa chake.

Maneno yalimkatika Nchagwa. Mkono wake ulibaki juu. Mokami akashika mdomo, akashindwa, akapiga mwayo naye. Mchungaji akafuata, na Biblia haikutosha kumficha. Ukaenda kwenye kwaya nzima, safu kwa safu, na huko nyuma mtu akaanza kucheka, na kicheko nacho kikaenda.

Tabitha alifumba mdomo, akaushika kwa mikono miwili, amejaa hofu. Akanigeukia.

"Bibi, taya limetoka?"

"Halijatoka, mama," nikamwambia, kwa sauti ya kufika hadi zizini. "Huo ni mwayo. Endelea kumsikiliza babu yako, utakuja mwingine."